Kupanua ramani kwenye mchezo wa kuongoza vikosi vya dharura, hatua kwa hatua

Maswali huja yaleyale. "Ramani yangu imeishia ukingoni mwa mji, naiongezaje?" "Nimeongeza mtaa mzima, mbona gari la wagonjwa linazunguka nusu ya mji kufika nyumba iliyo jirani na kituo?" "Hospitali ipo, naiona kwa macho, lakini mchezo unasema hakuna hospitali." Badala ya kujibu kipandekipande kila mara, nimeyaweka yote hapa kwa mpangilio wa kazi yenyewe.

Shika jambo moja kabla ya kugusa chochote. Katika michezo hii ramani ni wavu wa barabara, na gari hupita tu pale ambapo mstari mmoja umefungwa kwenye mwingine. Ukiongeza kilomita mia za barabara zisizoshikana umeongeza mapambo tu. Ndiyo maana hatua ya 6 hapa chini ni ndefu kuliko nyingine zote, na ndiyo watu wengi huiruka.

Je, mwongozo huu unakufaa?

Unakufaa ikiwa mchezo wako unatumia data ya OpenStreetMap, ile ramani huria ya dunia iliyoanza mwaka 2004 na ambayo mtu yeyote anaweza kuihariri. 911 Operator ya Jutsu Games (2017) na mwenzake 112 Operator (2020) wako kwenye kundi hili: unachagua mji, mchezo unakuletea mitaa halisi. Unakufaa pia ikiwa mchezo wako, au mradi wa mashabiki unaoucheza, unasoma faili ya ramani uliyoiweka mwenyewe kwenye folda yake. Michezo yenye ramani zilizochorwa kwa mkono, kama mfululizo wa Emergency, ina njia yake tofauti kabisa. Humu hutapata msaada.

Vitu vya kuwa navyo

- Akaunti ya OpenStreetMap. Ni bure.
- JOSM, programu ya kuhariri ramani kwenye kompyuta. Ipo pia iD, inayofunguka ndani ya kivinjari bila kusakinisha chochote. Kwa kurekebisha barabara mbili tatu iD inatosha. Kwa mji mzima chukua JOSM, kwa sababu ina kikagua makosa kizuri na haichoki mbele ya data nyingi.
- Osmium, programu ndogo ya kukata na kuchuja data kwa amri za maandishi. Inahitajika tu kwa wanaotengeneza faili yao wenyewe.
- Nakala ya folda ya ramani ya mchezo wako, ikiwa imehifadhiwa mahali pengine. Usianze bila hii.
- Karatasi na kalamu. Utaandika majina ya makutano yenye matatizo, na kuyakumbuka kichwani hutaweza.

Hatua zenyewe

1. Jua mchezo wako unachota ramani wapi. Fungua sehemu ya kuchagua mji. Ukiona orodha ya miji ya kupakua, mchezo unachota wenyewe, na kazi yako itafanyika kwenye OpenStreetMap: soma hatua ya 3, kisha ruka hadi ya 6. Ukiona sehemu ya kuingiza faili, au folda ya ramani ndani ya mchezo, fuata hatua zote.

2. Weka chelezo. Nakili folda nzima, si faili moja. Michezo mingine huweka vituo na magari kwenye faili tofauti na barabara, na ukirudisha moja ukasahau nyingine, zamu ulizozihifadhi zinaweza kugoma kufunguka.

3. Chora mpaka kwa kufuata muda, usiangalie ukubwa. Hapa tamaa ndiyo adui. Mtu anataka mkoa mzima, halafu analalamika kwamba kila mgonjwa anakufa njiani. Piga hesabu kwanza: gari linalokwenda wastani wa kilomita 40 kwa saa likiwa na kilomita 12 za kusafiri litatumia dakika 18. Ikiwa tukio la mchezo wako linakupa dakika 10, eneo hilo halichezeki mpaka uweke kituo karibu nalo. Kumbuka pia kwamba ukiongeza urefu mara mbili na upana mara mbili, eneo limekuwa mara nne. Kilomita 10 kwa 10 ni kilomita za mraba 100. 20 kwa 20 ni 400. Magari yako hayajaongezeka mara nne.

Mpaka mzuri hufuata kitu kinachotenganisha mji kwa asili: mto, reli, barabara kuu ya mzunguko. Ila usiukate mto katikati ya daraja. Sogeza mpaka hadi makutano ya kwanza ng'ambo, vinginevyo daraja litabaki mkia usiokwenda popote.

Tahadhari ya nyuzi: nyuzi moja ya latitudo ni takriban kilomita 111 popote duniani, lakini nyuzi moja ya longitudo hupungua kadiri unavyokwenda mbali na ikweta. Kwenye latitudo 45 ni kama kilomita 79, kwenye 60 ni kama 56. Mstatili unaoonekana mraba kwa namba, kwa hiyo, huenda ukawa mwembamba sana ardhini.

4. Pakua data. Tovuti ya OpenStreetMap ina sehemu ya kupakua eneo moja kwa moja, lakini hukataa eneo lenye nukta (vituo vidogo ambavyo mistari ya ramani hupitia) zaidi ya 50,000, na mji wa kawaida hupita hapo upesi. Njia ya uhakika ni kupakua faili ya nchi au jimbo kutoka Geofabrik, tovuti inayogawa data ya OpenStreetMap ikiwa imekatwa kwa nchi na kuitoa upya kila siku, kisha kukata kipande chako kwa Osmium:

`osmium extract -b MAGHARIBI,KUSINI,MASHARIKI,KASKAZINI nchi.osm.pbf -o mji.osm.pbf`

Weka namba mahali pa maneno hayo manne, zikitenganishwa kwa mkato bila nafasi. Mpangilio wake ndio mtego mkubwa wa hatua hii. Osmium inaanza na magharibi (longitudo kwanza). Overpass, huduma nyingine maarufu ya kuchota data hiyohiyo, inataka kusini, magharibi, kaskazini, mashariki (latitudo kwanza). Ukinakili namba kutoka moja kwenda nyingine bila kuzipanga upya utapata faili tupu, au kipande cha bahari.

Usibadilishe namna Osmium inavyokata ikiwa hujui sababu. Kwa kawaida huacha barabara zinazovuka mpaka zikiwa nzima, na hicho ndicho unachotaka. Ile namna rahisi zaidi huzikata kwenye ukingo, na ndipo ncha nyingi zinazoning'inia hutokea.

5. Chuja. Data ya mji ina kila kitu, kuanzia miti na mabenchi hadi mipaka ya mashamba. Mchezo hauhitaji hata robo yake. Kila kitu humo kina lebo, yaani maneno mawili kama `amenity=hospital` yanayosema ni kitu gani, na unachuja kwa kutaja lebo unazotaka zibaki.

`osmium tags-filter mji.osm.pbf w/highway r/type=restriction nwr/amenity=hospital,fire_station,police nwr/emergency=ambulance_station nwr/addr:housenumber -o mji-safi.osm.pbf`

Hapo umebakiza barabara, marufuku za kukata kona, hospitali, zimamoto, polisi, vituo vya magari ya wagonjwa na namba za nyumba. Watu wengi husahau `r/type=restriction`, kisha wanashangaa mbona magari yanakata kona mahali ambapo haiwezekani.

Tahadhari nyingine iko kwenye barabara za `highway=service`. Humo mna njia za ndani ya maegesho, maelfu kwa maelfu, na zinakula nguvu ya kompyuta bure. Lakini humohumo mna njia inayoingia hospitalini. Ukifuta aina hiyo yote kwa amri moja, hospitali zitabaki zimezungukwa na ukimya. Futa zenye `service=parking_aisle` tu, nyingine ziache.

6. Rekebisha barabara. Kama una faili yako ya hatua ya 5: JOSM haifungui faili ya PBF (ile iliyobanwa, yenye jina linaloishia `.pbf`) bila kiongezi chake, yaani programu ndogo ya nyongeza, kwa hiyo ama sakinisha kiongezi hicho ama geuza faili kwanza:

`osmium cat mji-safi.osm.pbf -o mji.osm`

Kabla ya kuhariri, amua jambo hili: unarekebisha OpenStreetMap yenyewe, au faili yako ya nyumbani? Kosa halisi, kama barabara iliyopo ardhini lakini haijachorwa au makutano yaliyokosa kuungana, lirekebishe kwenye OpenStreetMap ili kila mtu afaidike. Pakua eneo hilo upya ndani ya JOSM kwa kazi hiyo. Usipakie kwenye OpenStreetMap kutoka kwenye faili uliyoichuja, maana imekosa vitu vilivyoshikana na barabara zako. Mambo ya kubuni, kama kituo cha zimamoto unachotamani kiwepo, yabaki kwenye faili yako peke yake. Ndani ya JOSM kila faili iliyofunguliwa ni tabaka; lipe tabaka la faili yako alama ya kutopakiwa ili JOSM ikuonye ukisahau. Ramani ya OpenStreetMap hutumiwa na watu walio kwenye dharura za kweli, na kituo cha uongo humo si mchezo tena.

Wala usinakili kutoka Google Maps. Leseni yao hairuhusu, na kazi yako itafutwa. Picha za angani zilizomo ndani ya JOSM na iD zimeruhusiwa, tumia hizo.

Sasa endesha kikagua makosa cha JOSM, kisha pitia mambo haya kwa mkono:

*Ncha zisizofika.* Barabara inaonekana imegusa nyingine, ukikuza unakuta pengo la nusu mita. Kwa mchezo, nusu mita na kilomita tano ni sawa. Kikagua makosa kitakuonya kuhusu ncha iliyo karibu na njia nyingine. Buruta ncha hiyo hadi ishikane. Baada ya kushikana lazima barabara hizo ziwe na nukta moja ya pamoja. Nukta mbili zilizolaliana bado ni pengo.

*Madaraja.* Hapa kosa hugeuka. Barabara mbili zinapishana juu na chini, na mtu mwenye bidii anaziunganisha. Matokeo yake gari la zimamoto linaruka kutoka barabara kuu hadi mtaa ulio chini ya daraja. Sehemu ya juu iwe na `bridge=yes` na `layer=1`, na pasiwe na nukta ya pamoja pale zinapopishana. Chini ya ardhi ni `tunnel=yes` na `layer=-1`.

*Njia za upande mmoja.* `oneway=yes` hufuata mwelekeo ambao mstari ulichorwa. Mstari ukichorwa kinyume, mtaa mzima unageuka. Angalia mishale ndani ya JOSM, hasa kwenye barabara kuu zenye njia mbili zilizotengana: moja ikielekea upande usio sahihi, magari yatazunguka hadi makutano ya mbali ndipo yarudi. Mzunguko wenye `junction=roundabout` tayari ni wa upande mmoja, hauhitaji kuandikiwa tena, ila nao lazima uwe umechorwa kwa mwelekeo wa magari ya nchi hiyo.

*Mageti na njia zilizofungwa.* `access=private` au `barrier=gate` inaweza kulizuia gari lako mlangoni. Kuna lebo iliyowekwa kwa ajili ya hali hii: `emergency=yes` juu ya njia humaanisha magari ya dharura yanaruhusiwa kupita hata kama wengine hawaruhusiwi. Jaribu kama mchezo wako unaielewa. Usipoielewa, ondoa kizuizi kwenye faili yako ya nyumbani, si kwenye ramani ya umma.

*Mwendo.* `maxspeed=50` ni kilomita 50 kwa saa. Kwenye nchi zinazotumia maili ni lazima kuandika `30 mph` pamoja na kipimo. `30` pekee itasomwa kama kilomita na magari yatatambaa. Barabara isiyo na lebo hii kwa kawaida hukadiriwa kwa aina yake, kwa hiyo hakikisha barabara kuu haijaandikwa kama njia ya makazi.

Usijaribu kumaliza mji mzima kwa kikao kimoja. Anza na barabara kubwa kutoka ukingo hadi ukingo, halafu zile zinazozunguka vituo, kisha shuka mitaani.

7. Weka vituo na hospitali mahali ambapo gari hutokea. Zimamoto ni `amenity=fire_station`, polisi `amenity=police`, hospitali `amenity=hospital`, na kituo cha magari ya wagonjwa ni `emergency=ambulance_station`. Hospitali yenye kitengo cha dharura huongezewa `emergency=yes`. Kliniki za kawaida ni `amenity=clinic`; ukizigeuza kuwa hospitali utapata pa kupeleka wagonjwa wengi, ila mchezo umepoteza ladha.

Hospitali kubwa huchorwa kama eneo zima. Mchezo ukitafuta katikati ya eneo hilo kisha ukachukua barabara iliyo karibu nayo, huenda ukaangukia ukuta wa nyuma, barabara isiyo na lango. Gari litafika, litasimama nje ya ukuta, na mgonjwa atahesabiwa amefika kwa dakika tatu za ziada, au hatashushwa kabisa. Kwenye faili yako ya nyumbani, ondoa lebo kwenye eneo na uiweke kwenye nukta iliyo mlangoni pa kitengo cha dharura. Kagua pia kama hospitali hiyohiyo imeandikwa mara mbili, mara kama eneo na mara kama nukta. Utapata hospitali pacha zenye vitanda mara mbili.

8. Majina. Mtaa usio na `name` utampa mpiga simu anwani tupu. Jaza majina uliyo na hakika nayo. Yaliyobaki kwenye faili yako unaweza kuyapa namba tu.

9. Pakia na ujaribu ukiwa peke yako. Usianze na zamu kamili. Zima matukio ya nasibu kama mchezo unaruhusu, weka gari moja, kisha:

- Litume kutoka kona moja ya ramani hadi kona ya pili, uandike muda.
- Lirudishe. Safari ya kurudi ikizidi ya kwenda kwa kiasi kikubwa, karibu kila mara ni njia ya upande mmoja iliyogeuka.
- Litume kutoka kila kituo hadi kila hospitali. Kazi ya kuchosha, lakini ndiyo itakayokufichulia madaraja na mageti.
- Litume kwenye kila kipande kipya ulichoongeza. Likikataa kwenda, kipande hicho ni kisiwa: barabara zake hazijaungana na wavu mzima.

Rudi hatua ya 6 na karatasi yako. Utarudi zaidi ya mara moja.

10. Sawazisha vikosi. Ramani ikishapitika, ongeza magari kwa kufuata umbali wa vituo, sio kwa kufuata ukubwa wa ramani. Eneo la pembeni lenye barabara chache linahitaji gari moja lililo karibu kuliko matano yaliyo katikati ya mji. Ikiwa mchezo hukuruhusu kupanga muda wa matukio, magonjwa ya moyo yape muda mfupi kuliko yote: moyo ukisimama na mtu asipate msaada wowote, uwezekano wa kupona hushuka kwa asilimia 7 hadi 10 kila dakika. Ajali ndogo ya magari inaweza kusubiri.

Ukitaka kumpa mwingine ramani yako, taja kwamba data ni ya OpenStreetMap chini ya leseni yake huria ya data, ODbL, na umwambie wazi vituo gani ni vya kubuni.

Mambo yakikwama

*Nimerekebisha OpenStreetMap, mchezo unaonyesha ramani ya zamani.* Ramani uliyoipakua ni nakala na haijisasishi. Ifute, uipakue upya. Ikiwa bado ni ya zamani, huenda mchezo unachota kutoka kwenye hifadhi yake, na hapo ni kusubiri tu. Usiende kuhariri tena kitu kilichokwisha kuwa sawa.

*Gari limesimama katikati ya barabara tupu.* Kuza mahali lilipo kwenye JOSM. Tafuta pengo, geti, au mahali ambapo lebo ya barabara inabadilika ghafla kuwa njia ya miguu.

*Gari linazunguka mbali bila sababu.* Angalia mishale kwanza, kisha marufuku za kukata kona. Marufuku iliyoandikwa kwa mtaa usio sahihi hufunga makutano kimyakimya.

*Mchezo umekuwa mzito.* Maegesho na njia za miguu ndio washukiwa wa kwanza. Ondoa `highway=footway`, `steps` na `cycleway` ikiwa huna kikosi cha miguu. Ikishindikana, punguza mpaka.

*Mtaa mpya haupati tukio hata moja.* Baadhi ya michezo hupanda matukio kwenye anwani au majengo, wala si kwenye barabara tupu. Ongeza majengo (`building=yes`) kwenye chujio la hatua ya 5, kisha jaribu tena.

*Matukio yanatokea mahali pasipofikika.* Yanaangukia kwenye kisiwa. Kiunganishe, au kifute.

*Faili haifunguki kabisa.* Linganisha aina ya faili na ile mchezo unayoitaka: PBF na OSM ya maandishi zina data ileile lakini hazisomwi kwa namna moja. Kama aina ni sahihi, liangalie jina lake. Nafasi na herufi za ajabu kwenye jina la faili huiangusha michezo mingi ya mashabiki. Ipe jina fupi la herufi ndogo, uifunge programu, uifungue upya.